Waliokuja na Majina Yao

Hapa Mpumudde, mtaa wa Jinja, Santa tulimwita Mama Jude, naye hakuwa akigeuka. Unamwita, unarudia, unainua sauti, ndipo anaitika kama mtu aliyeamshwa. Mimi Rania, muuza sukari na sabuni wa kiduka cha getini, nilisema wazi kwamba yule askari magereza anajivuna. Sina subira na mtu anayepewa heshima ya uzazi akaiacha chini.

Alihamia Jinja kutoka Mbale na mumewe Gaster, ambaye ni polisi. Wote ni Walango, watu wa kaskazini. Mtoto alizaliwa hapa hapa, na Gaster akatangaza jina siku hiyo hiyo: Jude Herbert. Herbert ni baba yake Gaster.

Ubatizo ulipokaribia tulikuwa uani tukifua. Mwenye nyumba wetu, Mama Nangobi, alimpakata mtoto akauliza jina lake la kwao ni lipi. Yeye ni Msoga, jina lake lenyewe linataja ukoo, na mtu asiye na jina la kwao humwona kama hajavaa nguo.

"Hana," Gaster alisema. "Jude Herbert inatosha."

"Ni Okello," Santa alisema, macho kwenye beseni la nepi.

Gaster alichukua kofia yake akatoka. Nikajua hapa pana jambo, na mimi jambo halinipiti. Nikamuuliza Santa.

Alitueleza polepole. Kwa Walango, Okello ni mvulana anayezaliwa baada ya pacha. Pacha wake walizaliwa Mbale, mvulana na msichana. Msichana hakulia kabisa. Mvulana aliishi hadi adhuhuri tu. Waliwazika, kisha Gaster akaomba uhamisho, aende mahali ambapo hakuna wa kumuuliza.

"Huyu akiitwa Okello, kila mtu ya kwetu atauliza pacha wako wapi," alisema. "Gaster hawezi kujibu. Lakini nyinyi mukiniita Mama Jude na mimi naitika, naona kama nawakana wale."

Mama Nangobi alinipa mtoto. Akapiga magoti kwenye maji ya sabuni, yeye mwenye mvi, mbele ya mpangaji wake.

"Nabirye," alimsalimu.

Ndivyo Wasoga wanavyomwita mama wa pacha, na jina hilo havuliwi, hata kama pacha hawakuishi. Santa alilia kwa sauti. Nami nililia, nisiseme uongo.

Gaster aliporudi na mkate wa chai alitukuta hivyo hivyo. "Munafukua nini?" alifoka. "Wale hatukuwapa hata jina!"

"Nani angewapa?" Santa alisimama, mikono ikichuruzika maji. "Kwetu pacha hangoji kupewa jina, anakuja nayo. Wa kwanza kutoka alikuwa Opio. Wa pili Acen. Na huyu amekuja na yake. Wewe mpe Jude, mpe Herbert. Lakini Okello si yako, huwezi kumnyima."

Nilimngoja Gaster afoke tena. Hakufoka. Aliuweka mkate juu ya ndoo akaingia ndani.

Baada ya ubatizo mwenzake Gaster wa kazini, mtu wa kwao kutoka Lira, alikuja kula nasi. Alimrusha mtoto juu akamdaka.

"Afande, jina yake nani?"

Nilimtazama Gaster. Nilikuwa nimejiandaa kumchukia.

"Okello," alisema.

"Okello! Basi pacha wako wapi, niwasalimie?"

Uani pote tuliacha kutafuna. Gaster alivua kofia yake, akaishika kwa mikono miwili.

"Opio na Acen tuliwazika," alisema.

Mgeni aliinamisha kichwa akampa pole. Gaster akapangusa uso, akageukia jikoni ambako mkewe alikuwa akipakua wali.

"Mama Opio! Njoo, mgeni anataka kukusalimia."

Hakuhitaji kumwita mara ya pili.