Pua Nje, Tangi Limejaa

Jioni moja nilirudi nyumbani Shauri Moyo kutoka Eastleigh, ninakouza mapazia kwa jumla, nikamkuta baba ameketi mbele ya kompyuta, mikono kifuani, kama mlinzi anayengoja polisi wafike. Alikuwa hajaigusa tangu asubuhi. Alisema ameacha ushahidi.

"Tazama," aliniambia. "Gari yangu imeguzwa."

Gari lenyewe lilikuwa lori la kwenye mchezo wa kompyuta. Baba aliendesha malori ya kweli kati ya Mombasa na Malaba maisha yake yote ya kazi, mpaka ugonjwa wa sukari ukamtia ganzi miguuni na mwajiri wake akachukua ufunguo. Baada ya hapo alikaa akitazama ukuta. Alikuwa akiutazama kwa bidii hata nikaanza kuuchukia ule ukuta. Nilipopata kompyuta iliyotumika, nikaweka mchezo wa kuendesha malori, na mfanyakazi mwenzangu, kabla hajahamia Kisumu, akanipa kwenye flashi ramani ambayo vijana fulani waliichora: barabara yetu wenyewe, kutoka bandarini hadi mpakani. Mama ndiye aliyeokota usukani wa kuchezea sokoni Gikomba, ndani ya rundo la vitu vya watoto kutoka ng'ambo. Mafuta na breki baba alivikanyaga kwa vidole vya mkono, kwenye kibodi. Tangu siku ile alirudi kuwa dereva. Alikuwa hata akituaga.

Sasa dereva wa masafa ana desturi yake. Halali kabla hajajaza tangi, na haegeshi kabla hajageuza pua ya gari iangalie nje. Usiku una mambo, baba alitufundisha hivyo tangu tukiwa wadogo. Wezi wakija, au ugomvi ukizuka, unawasha na kuondoka. Huanzi kurudi nyuma gizani na tangi likilia. Hata kwenye mchezo hakuwahi kuzima bila kufanya hayo mawili. Lakini kwenye kioo cha kompyuta lori lilikuwa limeingiza pua ukutani kama mbuzi aliyeadhibiwa, na mshale wa mafuta umeshuka.

"Wamenyonya mafuta," alisema baba.

Nilicheka. Yeye hakucheka, basi nami nikaacha.

Nitasema wazi nilimshuku nani kwanza: nilimshuku baba mwenyewe. Mimi nimerithi jina la mama yake, ndiyo maana baba huniita mama, na huyo bibi nilimwona mwisho wake. Alianza kwa kuuliza kama ameshatia chumvi. Akamalizia kwa kumuuliza mwanawe ni mgeni wa nani. Dalili ya mvua ni mawingu, na mimi mawingu ya nyumba yetu nayafahamu.

Kwa hiyo nilidanganya. "Ni diski, Baba," nilimwambia. "Imezeeka. Inasahau mahali ulipoacha gari."

Uongo wenyewe ulikuwa na sura ya ukweli. Diski ile ilikuwa ya zamani, ile aina yenye sahani inayozunguka ndani, na ilikwaruza kama mtu anayesugua sufuria iliyoungua. Baba akifungua mchezo, mama aliweza kubandika maji, yakachemka, akatia majani, na lori bado halijatokea. Baba alinitazama, akatazama kompyuta, akasema labda. Nilitaka sana iwe kweli.

Ikatokea tena. Kisha tena. Kila mara ni asubuhi, baada ya baba kurudi kutoka kuota jua na wazee wenzake nje ya ukumbi wa mtaa. Mwanzoni alifoka. Kisha akapunguza sauti, na hilo ndilo lililoniogopesha. Siku moja alinishika mkono mlangoni nikitoka kwenda kazini, akaniuliza polepole, kama mtu anayeuliza choo nyumbani kwa watu:

"Mama, jana nilijaza ama sikujaza?"

Nilimwambia alijaza. Sikuwa nimeona. Nilishuka ngazi, na nilipofika Eastleigh nilikuwa nimekata shauri: nitanunua diski mpya, hizi za SSD ambazo hazina kitu kinachozunguka ndani, nihamishie mchezo wote humo. Kama shida ni diski, itaisha. Na kama haitaisha, nitajua ni kichwa cha baba. Nililipia nikiwa nimekasirika, sijui na nani.

Ilibaki kumpata fundi, na fundi wa Nairobi humpi kitu chako ukaenda zako. Mimi sijazaliwa jana. Unaacha kompyuta nzima, unarudishiwa ganda. Baba alikuwa mkali kunishinda. Kwake hakuna tofauti kati ya fundi wa kompyuta na fundi wa gereji, na gereji aliwahi kuacha lori na betri mpya akarudi akapata betri kuukuu, rika la bibi yake. Alisema kompyuta haitoki nje ya mlango. Akaomba rangi yangu ya kucha, ile nyekundu, akatufungulisha kompyuta, akatia nukta kwenye kila kitu kilichokuwa na uso. Hata feni aliitia nukta.

Fundi aliyekubali kuja nyumbani alikuwa mama mmoja wa makamo kutoka jengo tunalofanyia biashara, amejitanda mtandio mweusi, begi la vifaa begani, maneno machache. Alifungua kompyuta, akaona zile nukta, akamtazama baba.

"Mzee, umeipaka hina?"

"Nimeiweka alama."

"Vizuri," alisema. "Wateja wangu wote wangefanya hivi, singekuwa nasingiziwa."

Nilidhani jibu hilo litamtuliza baba. Lilimzidishia shaka, alisema baadaye kwamba mwizi mzoefu husifu kufuli. Alivuta kiti, akaketi magoti yake yakigusana na meza, asitoe macho kwenye mikono ya yule mama. Mama yangu alileta chai, akasimama nyuma yetu na sinia mkononi. Kwa kawaida mchezo ule aliuita upuuzi wa watoto, akiona lori huenda jikoni. Siku hiyo alibaki.

Fundi alieleza kila hatua, nadhani kwa ajili ya yale magoti ya baba. Alisema mchezo wenyewe unakaa mahali pamoja, lakini safari za mzee, pamoja na ile ramani, zimehifadhiwa kwenye folda nyingine, na watu wengi husahau hapo. "Wanahama nyumba wanaacha jiko nje," alisema. Alinakili vyote viwili. Hakufuta vya zamani. Alituambia diski ya zamani ibaki humo humo kwanza.

"Kwa hivyo safari zake ziko? Zote?" aliuliza mama.

Tuligeuka. Baba alimjibu kwa fahari kwamba barabara yote iko, Mariakani, Voi, Mtito, mpaka juu. Mama akauliza ukitoka Mombasa, Voi inakuja kabla ya Mtito au baada. Baba akamweleza. Nilifurahi, nikadhani hatimaye ameanza kuupenda mchezo wa mumewe.

Fundi alipokuwa akifunga begi nilimfuata mlangoni nikamuuliza kwa sauti ya chini kama diski ile ya zamani ilikuwa ikisahau mambo.

"Iko sawa," alisema. "Nimeipima. Imechoka tu, iko polepole. Diski haisahau mafuta ikakumbuka gari, dadangu. Ikiharibika, inaharibika."

Nilimshukuru. Nilirudi ndani bila kumwambia baba.

Kwenye diski mpya mchezo ulifunguka kabla mama hajafunika sufuria. Baba aliruka kitini. "Hii imekuja mbio sana," alisema, akiinama kuangalia nyuma ya kompyuta kama kuna mtu. "Gari lazima ingurume kwanza. Una hakika ni yangu?" Akakagua vioo, akakagua kiti, akasoma kilomita, akapiga honi. Ilikuwa yake. Aliendesha hadi jioni akicheka peke yake, na alipomaliza nilisimama begani pake nikaona kwa macho yangu: pua nje, tangi limejaa. Nikaenda kulala na tumaini.

Halikudumu. Jumamosi, siku ambayo siendi kazini mapema, nilikuwa nimeenda dukani kununua mkate. Niliporudi nilimpata baba ametoka juani tayari, ameketi mbele ya kioo. Alinionyesha kwa kidole. Pua ilikuwa ukutani. Tangi lilikuwa nusu.

Nilitafuta mtu mwingine wa kulaumu, na nilitafuta kwa bidii. Nilisema labda yule fundi ameacha mlango, anaingia kutoka mbali na kutuchezea. Baba alitikisa kichwa.

"Mwizi anayeingia kutoka mbali hivyo aje aendeshe lori mpaka karibu na Voi, halafu aondoke?" alisema. "Hapana, mama. Ni mimi. Naendesha halafu nasahau."

Niliketi kando yake nikamwambia basi twende hospitali, Jumatatu, wakamwangalie kichwa. Nilikuwa nimejiandaa kubishana naye, kwa sababu baba hubishana hata na saa ya ukutani. Hakubishana. Aliinama, akachomoa waya wa usukani, akauweka magotini pangu.

"Mpe mtu mwingine," alisema. "Dereva asiyejua ametoka wapi si dereva."

Akageuza kiti. Akatazama ukuta.

Nililia pale pale, usukani wa plastiki mapajani. Mama alikuwa mlangoni mwa jikoni akichambua mchicha, na nilisikia mikono yake ikisimama. Kisha akaweka ungo chini.

"Rudisha hiyo kitu," alisema. "Ni mimi."

Nilidhani sijasikia vizuri.

"Ni mimi nimekuwa nikiendesha. Akienda juani. Sikujua lazima mtu ajaze, na kurudi nyuma kunanishinda." Alijifuta mikono kwenye leso. "Lakini kichwa chake kiko sawa. Msimpeleke mahali."

Kikulacho ki nguoni mwako. Nilimtazama mama, mfanyabiashara wa Gikomba ambaye siku hizi hutoka tu asubuhi ambazo wanafungua bale mpya za mitumba, mwanamke asiyetaka kugusa hata rimoti. Nilikasirika, halafu nikafurahi, halafu nikakasirika tena kwa jinsi alivyoniacha nikiogopa siku zote hizo. Baba aligeuza kiti polepole.

"Unaenda wapi?" alimuuliza. Si kwa nini. Wapi.

"Barabara yako." Mama hakuinamisha macho. "Miaka yote hiyo ulikuwa ukitoka hapa na thermosi unarudi na vitunguu. Wanawake Gikomba waliniambia dereva ana nyumba nyingine kila anapolala. Sikukuuliza. Nikasema nitaenda mwenyewe nione, na hukuwahi kunibeba hata siku moja, ulisema mwanamke hapandi gari ya masafa. Sasa barabara imeletwa kwa nyumba. Ningekaa tu?"

"Ni mchezo," alisema baba. "Umechorwa na watoto."

"Hata hivyo."

Chini uani mtu alikuwa akigonga bati. Niliogopa baba atafoka, na kama angefoka nilikuwa upande wake, lakini niliona mabega yake yanashuka na uso wake unafunguka, na nikaelewa kwamba alikuwa amesikia jambo moja tu kati ya yote: kichwa chake kiko sawa. Alikuwa amejaza. Kila siku alikuwa amejaza.

"Na uliona nini?" aliuliza mwishowe.

"Salgaa, mnakolala madereva, nilifika, nikazunguka. Hakuna mtu. Ni malori tu." Mama alisema hivyo kama anayelalamikia bale lililojaa matambara tu. "Voi ndiyo sijamaliza. Kila nikikaribia, nasikia viatu vyako kwa ngazi."

Baba alinyoosha mkono, akachukua usukani magotini pangu, akauchomeka. Kisha akasimama, akishikilia meza kwa sababu ya miguu, akampisha mama kiti chake. Yeye akavuta stuli upande wa kushoto, anapokaa taniboi, msaidizi wa dereva.

"Kuendesha, endesha," alisema. "Ukimaliza unageuza pua nje. Na unajaza tangi. Hiyo tu ndiyo naomba."

Mama aliketi. Aliushika usukani huku juu kabisa, kwa mikono miwili, kama anashika ndoo. Lori lilitokea mara moja. Ile diski mpya haikumpa hata nafasi ya kubadilisha nia. Nilisimama nyuma yao na mkate wangu bado kwapani. Walitoka Mariakani vizuri. Baba alimwonyesha lini apunguze, lini ampishe mwenzake, akamsifu kwenye mteremko, na mama akatabasamu kwa upande mmoja wa mdomo. Nilijiambia haya ndiyo mambo ya kungojea Jumamosi.

Barabara ikaanza kupinda kuelekea Voi. Mbele kulikuwa na vichaka tu na kona ndefu, huoni kitu upande wa pili. Baba akakohoa.

"Hapa kwa hoteli ya mabati ya bluu, pita tu," alisema. "Hapo hakuna kitu."

Hakukuwa na hoteli yoyote kwenye kioo. Ilitokea baadaye, tulipomaliza kona, mabati yake bluu, mahali pale pale. Kumbukumbu ya baba haikuwa na kasoro hata kidogo.

Mama alipunguza mwendo.