Sauti ya Pili

Duka la vitambaa nililoshonea wakati wa vita lilikuwa la ndugu wawili Wapunjabi, kule Asiatique, mtaa wa maduka ya Wahindi mjini kwetu. Cherehani yangu ilikaa barazani. Kila asubuhi, kabla ya kufungua, walikaa chini katika chumba cha nyuma wakaimba muziki wa kwao, waliofundishwa na baba yao tangu wadogo. Mkubwa anavuta sauti taratibu, bila maneno, halafu mdogo anaipokea palepale ilipoachwa na kuipeleka mbele. Kati yao ilivuma tambura, ala ndefu ya nyuzi nne. Mimi, Mkatoliki wa mtaa wa Nyakabiga, sikuelewa kitu, lakini nilikuwa nawahi kazini kwa ajili yao.

Siku moja mdogo alikwenda Musaga, pembeni mwa mji, kupeleka vitambaa vya sare za shule. Njiani basi alilopanda likashambuliwa. Lilipatikana limeungua, yeye hakupatikana, hai wala maiti.

Mkubwa aliacha kuimba kwa muda mrefu. Halafu asubuhi moja nikamsikia tena. Aliimba kipande chake, akanyamaza kwa kadiri ileile ambayo mdogo wake angeimba, kisha akaendelea, si pale alipoachia bali mbele zaidi, kama mtu aliyepokezwa. 

Ikawa hivyo kila siku, na ule ukimya ukanishinda. Nyimbo zenyewe zilikwisha kuniingia. Asubuhi moja nikajibu kwa sauti ndogo kutoka barazani.

Mvumo wa tambura ukakatika. Akatoka hadi barazani.

"Ni wewe?"

"Ni mi, muzee. Unisamehe. Nilikuonea huruma, uko peke yako."

"Apana, dada. Siko peke yangu. Umeimba muzuri, lakini umemufunika. Sikumusikia."

Akaniingiza ndani, akanikalisha mkabala na mto wa kukalia wa mdogo wake, akaanza upya. Aliponyamaza, nikasikiliza. Nyuzi zilivuma. Chini ya mvumo huo, naapa, kulikuwa na pumzi ya mtu anayejiandaa kuimba, na haikuwa yangu wala yake.

Sikukaa hadi mwisho.

Mwaka uliofuata binti yake alikuja kumchukua kwenda Nairobi. Alikataa kwanza: "Akirudi atanikuta wapi?" Mwishowe akakubali. Siku ya kuondoka alinipa mkasi wake, akaniomba niwe napita pale asubuhi, nisimame kidogo barazani, nisiseme kitu.

Nilipita miezi mingi. Wenye duka wapya waliuza magodoro. Walidhani nasubiri bei ishuke.