Mazoezi Bila Kamera

Kwao Ufilipino aliongoza filamu za kila namna: za mapenzi, za kutisha, za vichekesho, hata za ngumi, na nyingi aliziandika mwenyewe. Kazi ilipokauka akaja Doha kupiga video za harusi kwenye hoteli nilikokuwa mlinzi. Wafilipino wenzake walimwita Direk, yaani mwongozaji, kwa heshima kabisa, hata akiwa amebeba nyaya. Nami nikamwita hivyo hivyo.

Siku moja prodyuza wake wa zamani akampigia kutoka Manila: nitumie filamu fupi, ikinigusa utarudi kazini. Wee! Mzee alifurahi mpaka chai ikapoa mkononi. Akaandika hadithi ya mlinzi anayepigiwa simu kwamba mamake amefariki, na zamu bado haijaisha. Mlinzi nikawa mimi. Tulirekodi kila Ijumaa vichochoroni mwa mtaa wa Fereej Bin Mahmoud, wenye maduka wakitufukuza.

Direk alikuwa na mtindo wake: kila onyesho lifanyiwe mazoezi kwanza, kamera ikiwa ndani ya mkoba. Alisema kamera humtisha mtu. Basi siku ya onyesho la simu, nikaiweka simu sikioni, na hapo mama yangu mwenyewe akanijia, aliyezikwa nikiwa hapa hapa Doha, ruhusa nimenyimwa. Nililia, jamani. Nililia kwa sauti mpaka kinyozi wa jirani akaniletea maji.

Direk akaukimbilia mkoba. Kamera ilipowaka, macho yangu makavu. Tukarudia, tukarudia tena. Nikajifinya, nikanusa kitunguu, wapi! Kiliniletea mafua tu. Giza likaanza kuingia, naye akakaa kwenye ngazi za duka.

"Ni mimi, brada," akasema. "Mimi na mazoezi yangu."

Akaituma hivyo hivyo. Jibu likaja: filamu nzuri, ila huyo mlinzi hana uchungu. Direk akasaini mkataba mwingine wa kupiga video za harusi. Hakunilaumu hata siku moja, na hilo linaniuma mpaka leo.

Mkataba wangu ulipoisha alinisindikiza uwanja wa ndege. Kumkumbatia tu, machozi yakanitoka, yale yale ya kichochoroni.

"Haya, rekodi basi, Direk!"

Mkono wake ukaenda kwenye mkoba, ukasimama, ukarudi na leso.

"Acha," akasema, akinifuta uso. "Leo lia tu."