Mbwa wa Kulinda Ndagala

Mume wangu alikuwa mtu mzuri, lakini kichwa nguvu, na siku ile ya salongo nilitamani kumrudisha kwa mama yake. Wakati ule wa Zaire, kila Jumamosi asubuhi mtaa mzima ulitoka na majembe kusafisha barabara na mitaro, na asiyeonekana alifuatwa nyumbani. Nami nilikuwa nimeanika ndagala, wale samaki wadogo wa ziwa, kwenye mchanga wa ufukweni, nyuma ya nyumba. Nani angewalinda na kunguru? Yeye akasema mbwa.

Mbwa wetu alikuwa mweusi, manyoya mazito. Nikasema jua la kiangazi pale mchangani litamwua. Akamfunga kwenye kijiti, kamba fupi ili asifikie samaki. Sufuria la maji nililomwekea akaliondoa, eti atalipindua alowanishe ndagala. Sikio la kufa halisikii dawa. Nikanyamaza, nikachukua jembe, na kunyamaza huko kunaniudhi mpaka leo.

Kazi ilipaswa kuisha saa nne. Mkubwa wa kukagua akachelewa, tukasimama kando ya mtaro safi kumngoja, jua utosini, mpaka karibu saa sita.

Tuliporudi mbwa alikuwa amelala ubavu, anahema mbio mbio, ulimi wote nje, umeiva kwa wekundu, mate mazito yamemjaa mdomoni. Nilipomfungua alijaribu kusimama, akayumba kama mlevi, akatapika, akaanguka. Alinitazama bila kuniona. Nikamgusa masikio: moto.

Mume wangu akasema amelishwa sumu. Na kwetu mtu akitaja sumu, kila mama anakimbilia mafuta ya mawese. Jirani yetu, mama mzima mwenye roho nzuri, alishafika na chupa. Hao wawili wakaanza kushindana na mdomo wa mbwa, mmoja anamtanua meno, mwingine anainamisha chupa, na mnyama mwenyewe hata pumzi ilikuwa inamshinda. Jamani, walikuwa wanataka kumsonga! Hasira niliyoizuia tangu asubuhi ikanitoka, nikamgeukia mume wangu.

"Papa, hakukunywa sumu. Ni jua, na wewe njo ulimufunga pa jua."

Sikungoja jibu. Baba yangu alikuwa mwindaji upande wa Niemba, na mbwa wake wakizidiwa na joto baada ya mbio, aliwalowanisha tumbo na miguu kwanza, maana mbwa hatoki jasho kama sisi; ana ulimi tu. Nikambeba, mzito kama gunia la muhogo, mpaka ziwani, nikamlaza pasipo na kina, kichwa chake nimekishika juu ya maji. Nikamwagia tumboni, mapajani, kwenye nyayo. Jirani, Mungu ambariki, aliacha chupa akaja na ungo kumpepea. Mume wangu yeye alisimama ukingoni, ameiokota ile chupa, ananieleza kwamba baridi itamletea homa, tumfunike blanketi. Blanketi!

Ilichukua muda. Kuhema kukapungua, macho yakarudi, akalamba maji kidogo kiganjani mwangu. Nililia, sioni haya kusema. Tukamlaza kivulini.

Ndipo mume wangu akakumbuka ndagala. Kunguru walikuwa wameshajipakulia nusu, naye akaanza kulalamika kwamba wiki nzima tutakula sombe tupu, majani ya muhogo bila samaki.

Mbwa naye aliwasikia kunguru. Akainuka, maji yanamchuruzika, miguu inatetemeka, akajikokota kutoka kivulini mpaka kwenye kijiti chake, akalala pale pale mchangani kuwalinda samaki.

Mume wangu akaenda akaking'oa kile kijiti, akambeba mbwa kumrudisha kivulini, kisha akaketi mwenyewe juani kufukuza kunguru.

Baada ya saa moja aliniomba maji. Nikamwambia atalowanisha ndagala.