Saini Mbili za Khodidas

Mjini Rajkot hakukuwa na mpishi wa karamu aliyependa kuandika hundi kama Khodidas Vadgama. Wenzake walilipa kwa noti, basi. Yeye aliagiza chai kwanza, akafungua kalamu ya wino, akatia saini taratibu huku kidole cha mwisho kimesimama. Mdai alitoka pale akijiona mtu.

Baadhi ya hundi hizo zilirudi. Si kwamba akaunti ilikuwa tupu, la hasha. Khodidas alikuwa na saini mbili: moja aliyoiacha benki, na nyingine yenye mkia mrefu, ya wale aliowaona hawana ubavu wa kumfuata. Benki ikisema saini hailingani, yeye alishika kichwa: "Uzee huu, ndugu yangu! Mkono hausikii." Wengi walichoka, wakapokea nusu.

Rambhaben hakuchoka. Alikuwa mjane aliyechoma khakhra, zile chapati nyembamba kavu za kutafuna na chai, yeye na wanawake sita barazani kwake. Harusi moja aliyoipikia Khodidas ilimeza khakhra za rupia elfu themanini na nne. Hundi iliporudi, alimfuata dukani.

"Khodidasbhai, cheki yako imerudi."

"Mkono huu, dada! Njoo baada ya Diwali."

"Diwali ya mwaka gani? Mkono wa kusaini unatetemeka, wa kula khakhra hautetemeki?"

Wiki hiyo hiyo ikaja barua ya wakili wa Rambhaben: alipe ndani ya siku kumi na tano, la sivyo kesi ya jinai. Khodidas aliisoma kwa sauti wateja wasikie, akacheka mpaka miwani ikamdondoka, kisha akampelekea wakili wake, Antani.

"Sheria inamtaka asiye na pesa benki," alisema. "Mimi ninazo! Nifungwe kwa kuwa na pesa?"

Antani alikuna kidevu. "Mzee, Mahakama ya Juu ilishaamua. Hundi ikirudi kwa saini uliyoipinda mwenyewe, ni yale yale. Kifungo hadi miaka miwili, au faini hadi mara mbili ya hundi. Mlipe mama wa watu."

"Nimekuweka unitetee au unitishe?"

"Nitakutetea. Ila ada yangu nipe noti."

Hakumlipa Rambhaben. Ikawa miaka mitatu ya kupigwa tarehe. Mara hakimu kahamishwa, mara mawakili wamegoma, mara faili halionekani. Khodidas, aliyezoea kiti cha kuzunguka, alijifunza kusimama koridoni bega kwa bega na wezi wa pikipiki, na karani alipoita "Mshtakiwa Vadgama!" alitazama pembeni kama vile kaitwa mwingine. Rambhaben hakukosa tarehe hata moja. Alikuja na kapu la khakhra, akawauzia makarani na mawakili, na kusema kweli biashara yake ilinenepea pale pale.

Hatimaye kesi ikasikilizwa na hakimu mwanamke mwenye mafua makali. Wakili wa Rambhaben aliwaleta wafanyabiashara kumi na mmoja, kila mmoja na hundi yake iliyorudi. Hakimu alizipanga mezani.

"Mzee, kodi ya duka, saini sawa. Bima, sawa. Ada za wajukuu, sawa. Muuza vitunguu, mkia. Mshona mahema, mkia. Mkono wako unatetemeka ukimwona maskini tu?"

Ukumbi mzima ukacheka. Khodidas aligeuka, akamwona mkwewe, aliyekuja kusikiliza, kainamia viatu vyake. Masikio yakamwaka moto. Hakuwahi kuona aibu kama ile, na hakujua aiweke wapi.

"Mheshimiwa," alisema kwa sauti ndogo, "naomba tupatane."

Wakapatana kwa laki moja na elfu thelathini, kwa hundi iliyotolewa na benki yenyewe. Hata hiyo Rambhaben hakuiamini. Alikataa kufuta kesi mpaka fedha ziingie. Basi wakakaa wote wawili kwenye benchi la benki ya Rambhaben, siku ya pili, wakingoja. Khodidas hakuwa ametia kitu mdomoni tangu asubuhi. Rambhaben alimtazama, akafunua kapu.

"Kula."

"Bei gani?"

"Kula tu, kaka. Lakini ukizitaka za harusi, pesa mbele."

Khodidas alitikisa kichwa kukubali, mdomo umejaa.