Pwani ya Ras al-Hadd Kwenye Ukuta wa Ibra

Nakumbuka siku niliyovuliwa nguo kwa maneno, mwanangu, mbele ya ukuta nilioupaka kwa mkono wangu.

Ilikuwa Ibra, mji wa bara ulio mbali na bahari, miaka ya sabini inamalizikia. Mimi kijana wa Unguja, skuli niliiacha mapema, kazi yangu kupaka rangi mageti na vibao vya maduka. Mzee mmoja wa Sur, nahodha mstaafu ambaye mwanawe alimhamishia Ibra, akanitaka nimchoree pwani ya kwao, Ras al-Hadd, ukuta mzima wa majlis, chumba chake cha wageni. Picha yangu ya kwanza hiyo. Ikiharibika, nirudi kwenye mageti maisha yangu yote.

Nikachora kwa kichwa tu: minazi, mchanga mweupe, maji ya kijani. Mzee akatazama huku anakunywa kahawa yake.

"Bahari ya wapi hii, ya walad, we kijana?"

"Ya kwenu, babu."

"Kwetu mnazi umeuona lini? Umenichorea Bububu. Miguu umehama nayo, macho umeyaacha Unguja. Nenda kaone, ndipo urudi. Huendi, usirudi."

Mwenye macho haambiwi tazama. Mimi niliambiwa.

Nikaenda kwa gari za kuomba. Kule hapana mti. Jabali, upepo na maji. Sikutulia hata kidogo. Nachanganya rangi ya jabali jeupe, brashi haijafika kwenye ubao, jabali lishakuwa manjano, mara zambarau. Nikafunga virago, nikavifungua, nikatukana upepo. Mwisho nikaliacha jabali, nikachora mwanga unavyolipiga: vipande vifupi vya rangi, mbiombio. Husemwa haraka haraka haina baraka. Kule baraka ilikuwa humo humo kwenye haraka.

Baadaye sana Mfaransa mmoja aliniambia kwao walikuwako wachoraji wa namna hiyo, wakikaa kwenye majabali ya pwani za mbali kuuwahi mwanga. Sawa. Mimi sikufunzwa nao, nilifunzwa na pwani ile.

Nikarudi Ibra, nikaukwangua ukuta, nikaanza upya. Nilipomaliza, mzee akamwita mwanawe.

"Njoo utazame. Ulikuwa ukiniuliza kwa nini sikutaka kuhama kwetu."

Yule mwana akakaa chini kando ya babake, akatazama.

Basi mwanangu, usiipake nchi unayoishi rangi ya nchi unayoitamani. Iendee, ikuhangaishe, nawe usiikimbie mpaka mkono wako uijue. Mola akupe macho ya kuona pale uliposimama, na akulinde na uvivu wa kudhani ushaona.