Mama Aliyeomba Mwanawe Ashindwe

Mama Josias wa mtaa wa Kataki hajui kutulia. Kanisani husimama nyuma karibu na mlango, sokoni huuza unga wa mihogo akiwa wima, na hata akila hutembea na sahani mkononi. Majirani humtania kwamba viti vya nyumba yake vitaliwa na mchwa bila kukaliwa. Jina lake ni Bertille, lakini Kalemie, mji wa Kongo kando ya Ziwa Tanganyika, mama huitwa kwa mtoto wake, hata kama mtoto huyo yuko mbali mwaka wa kumi na sita sasa, anateleza juu ya theluji kwa mbao miguuni.

Ilikuwa hivi. Mume wa Bertille alienda kuchimba madini Manono, akapata mke mwingine hukohuko. Wakati huohuo mdogo wa Bertille, Arlette, aliolewa na fundi Mwaustria aliyekuja kutengeneza mitambo bandarini. Hawakujaliwa mtoto, na walipokuwa wanaondoka Arlette akaomba apewe Josias, wa miaka tisa, akasome kwao miaka mitatu. Kwa watu wa Kataki, kumpa mdogo wako mtoto amlee si kumtoa. Mama mdogo ni mama. Bertille akakubali. Miaka mitatu ikaisha, ikafuata mingine, na kila likizo kulikuwa na sababu ya kutokuja.

Kijiji cha Arlette huko Austria kiko mlimani, na watoto wa huko huanza kuteleza kabla hawajajua kuandika majina yao. Josias alichelewa kuanza, akachekwa, na hasira ya kuchekwa ikamfanya awe wa mwisho kurudi nyumbani kila jioni. Alipofika miaka kumi na tano aliwashinda wenzake wote wa shule. Baadaye akapewa pasipoti ya Austria, akaingia timu ya pili ya taifa, katika zile mbio za kupinda kushoto na kulia katikati ya miti iliyochomekwa. Goti lilikatika mara mbili, akapasuliwa mara mbili, na mara zote Bertille aliambiwa baada ya mwana kutoka hospitali. Jambo hilo lilimuudhi kuliko yote. Uchungu wa mwana aujuaye ni mzazi, basi huyo mzazi aambiwe mapema.

Mwaka huu, mwezi wa pili, Josias alipiga simu. “Mama, mu mashindano ya mwisho, kama siingii mu bantu kumi na tano ba kwanza, bananitosha mu ekipe. Bakinitosha, ntarudia nyumbani. Nakuahidi.”

Habari hiyo ya kutolewa kwenye timu aliisema kama mtu anayetoa habari ya msiba. Bertille akaitikia kwa sauti ya msiba vilevile, lakini moyo ulikuwa unaruka. Tangu siku hiyo Kataki nzima ilimwombea Josias ashinde, hata kwaya ilifunga siku moja bila kula. Mama yake aliinamisha kichwa pamoja nao na kuomba kinyume. Aliona haya, tena haya kubwa, lakini hakuacha.

Siku ya mashindano walikusanyika kwenye kibanda cha Fidèle, ambaye huchaji simu za watu na alikuwa ameazima televisheni. Fidèle alikuwa amejisomea, akawaeleza: kila miti miwili ni mlango, na lazima upite milango yote. Ukikosa mmoja, umetoka, isipokuwa urudi juu kwa miguu ukaupite. Bertille hakusikiliza. Alikuwa anakwenda hadi mtaroni na kurudi, anakwenda na kurudi, akinong'ona, “Mungu, ashindwe, lakini asivunjike.”

Kelele zikalipuka kibandani. “Mama Josias,” alisema Monique, jirani yake, “mutoto yako njo wa kwanza.”

Kabla hajafungua mdomo, Monique alikuwa ameshammwagia poda kichwani, kama wanavyofanyiwa wanafunzi waliopata diplome, cheti cha kumaliza sekondari. Wengine nao wakaleta makopo yao. Na hapo Bertille alijishangaa, maana miguu ilianza kucheza yenyewe, na furaha ile haikuwa ya kuigiza hata kidogo. Wakazunguka mitaa miwili wakiimba. Kuku wawili walikuwa wameshachinjwa Fidèle alipowafikia, amekosa pumzi.

“Mama Josias, haiyaisha. Iko mara ya pili. Banajumulisha.”

Wakatazamana, wote weupe kama waliotoka kinuni. Diplome hutangazwa mara moja tu. Nani angejua kuna watu wanaoshinda na bado wanatakiwa kushuka tena ili muda ujumlishwe? Wakarudi kibandani.

Aliyeongoza hushuka mwisho. Safari hii Bertille alisimama mbele kabisa. Alikusudia kuomba kama kawaida, lakini Josias alipotokea, mdogo kule juu ya mlima mweupe, maneno yaliyomtoka yalikuwa, “Enda, mwanangu, enda.” Alipiga meza ya Fidèle kwa viganja vyote viwili. Josias alikuwa amefika katikati ubao mmoja ulipoteleza, akapita nje ya mlango, akasimama.

Kisha akageuka, akaanza kupanda. Alipanda kwa ubavu, hatua moja moja, huku sekunde zikimkimbia kwenye kioo.

“Juu ya nini anarudia kule juu?” aliuliza Monique. “Ameshapoteza.”

Josias aliupita mlango wake, akashuka mpaka chini, akawa wa mwisho.

Jioni simu ililia. “Mama, bamenitosha.”

“Josias, ni miye,” alisema Bertille. “Mwezi muzima niko naomba ushindwe, urudie.”

Josias akauliza, “Na leo?”

“Mara ya kwanza niliomba vile. Mara ya pili nilisahau. Niliomba ushinde.”

Josias alicheka mpaka sauti ikakatika. “Basi si weye, mama. Mara ya kwanza njo nilikimbia muzuri.” Dua la kuku halimpati mwewe, na Bertille hakujua kama afurahi au aone uchungu. “Kuko kocha wa ekipe ingine kadogo, ananitaka,” Josias aliendelea. “Nikiitika, sitakuja mwaka huu, pengine hata mwaka kesho. Lakini nilikuahidi. Sema tu ‘kuja’, kesho nanunua tiketi.”

Neno hilo Bertille alikuwa nalo mdomoni kwa miaka kumi na sita. Akaenda mpaka mlangoni, akarudi, akaenda tena.

“Uniambie kwanza. Juu ya nini ulipanda tena?”

“Sijui, mama. Sikuweza kushuka na kuuacha ule mulango.”

“Basi baki,” alisema, akakata simu haraka, kabla moyo haujageuka. Kisha akalia, wima, katikati ya nyumba.

Monique, aliyekuwa uani akiosha sufuria za kuku, akachungulia. “Amesema anakuja lini?”

“Sijamuuliza,” alisema Mama Josias.